MAZUNGUMZO YA UPISHI: GANDA LA CHUNGWA NI KIUNGO

(Haya ni mazungumzo waliyopewa wahitimu wa kisomo, wanawake kwa wanaume, katika Bonde la Kilombero. Tumeyaandika karibu kama yalivyosemwa.)

 

Leo sikuja kuwafundisha kupika. Kupika mnajua. Nimekuja kuzungumza juu ya kitu ambacho karibu kila mmoja wetu amekitupa wiki hii. Kitu chenyewe ni ganda la chungwa, la limau na la ndimu.

Nendeni stendi ya mabasi pale Ifakara. Mtamwona kijana amekaa na beseni la machungwa na kisu kikali. Anamenya chungwa. Ganda linatoka jembamba, refu kama utepe, wala halikatiki. Chungwa linabaki jeupe. Anakukatia kichwa, unafyonza, unakwenda zako. Utepe ule umeanguka chini. Jioni unafagiliwa na kutupwa jalalani.

Sasa sikilizeni. Utepe ule ndio kiungo. Kijana yule anaondoa ile ngozi ya juu peke yake na kuacha weupe kwenye tunda. Kazi hiyohiyo hufanywa na wapishi wa hoteli kubwa, tena wao hulipwa. Tofauti ni kwamba wapishi wale hulitia ganda kwenye keki, na sisi tunalitia kwenye takataka.

NDANI YA GANDA KUNA NINI?

Shikeni chungwa mkononi. Litazameni kwa karibu. Mnaona vitundu vidogovidogo juu ya ngozi? Chini ya kila kitundu pana kifuko kidogo cha mafuta. Mafuta hayo ndiyo yenye harufu. Ukitaka kuyaona, kata kipande cha ganda, likunje karibu na mwali wa mshumaa au kibatari. Mtaona cheche zinaruka. Yale ni mafuta yanawaka. Fanyeni mbali na macho, na watoto wasiige.

Chini ya ngozi hiyo pana sehemu nyeupe, laini kama sufi. Hiyo haina harufu, ina uchungu. Basi siri yote ya kazi hii ni hiyo: chukua ngozi ya juu, acha weupe. Mtu akikuambia alijaribu ganda la limau na chakula kikawa kichungu kama mwarobaini, ujue alitia weupe.

Dada mmoja ameniuliza: "Mbona kwenye picha machungwa yana rangi ya machungwa, na ya kwetu ni ya kijani? Labda ya kwetu hayafai." Yanafaa sana. Chungwa hubadilika rangi likipata usiku wa baridi. Huku kwetu bondeni joto halipungui vya kutosha, kwa hiyo chungwa huiva ndani na ngozi hubaki kijani, au kijani yenye manjano. Mafuta yamo vilevile. Usidanganywe na rangi, tumia pua. Kwaruza ngozi kwa ukucha, nusa. Likinukia, linafaa.

"KULA MAGANDA NI NJAA"

Mzee wangu mmoja aliyekaa pale nyuma amecheka. Amesema maganda ni chakula cha mbuzi, na mtu akianza kula maganda majirani watasema nyumba hiyo ina njaa. Mzee wangu, nakuheshimu, lakini nikuulize. Mdalasini ni nini? Ni gome la mti. Limebanduliwa mtini, likakaushwa, likaletwa dukani, nasi tunalinunua kwa fedha. Mbona hatusemi kwamba tunakula magome? Karafuu nayo ni kichipukizi cha ua kilichokaushwa. Viungo vingi ni vitu ambavyo mtu asiyejua angevitupa.

Na jambo hili si geni kwa watu wa Afrika Mashariki. Mwaka 1331 msafiri mmoja kutoka Moroko, Ibn Battuta, alipita pwani yetu. Alifika Mogadishu, Mombasa na Kilwa. Mombasa aliona milimau. Mogadishu alikaribishwa chakula, akaandika alichokula: wali uliopikwa kwa samli, na pembeni malimau yaliyowekwa kwenye chumvi, pamoja na pilipili, tangawizi na maembe. Limau la chumvi huliwa pamoja na ganda lake. Basi karibu miaka 700 iliyopita mgeni wa heshima alipewa wali na ganda la limau, tena chakula kilichotoka nyumbani kwa sultani! Hapo pana njaa gani?

Wachina, ndugu zao wale waliokuja kujenga nasi reli ya TAZARA kati ya mwaka 1970 na 1975, kwao hukausha ganda la chenza na kuliweka miaka mingi. Likizidi kuzeeka bei hupanda. Hulitia kwenye supu na kwenye dawa. Waingereza nao hupika jamu yenye vipande vya ganda la chungwa chungu, wakapaka mkate. Wazee mnaijua, mamaledi. Kwa hiyo sisi tusione haya.

JINSI YA KULITAYARISHA

Chagueni tunda zima, lisilooza, lisilo na madoa ya ukungu. La mti wa nyumbani ni bora, maana unajua kama umepigwa dawa au haukupigwa. Kama jirani amepiga dawa ya wadudu juzi, acheni ganda hilo. Mle ndani tu, tena baada ya siku zilizoandikwa kwenye chupa ya dawa kupita. Mmehitimu kisomo, someni karatasi ya chupa. Machungwa yanayong'aa sana, yale yanayotoka nchi za nje, mara nyingi yamepakwa nta. Hayo yaosheni kwa maji ya moto na kuyasugua.

Ganda lililoanguka chini stendi msiliokote. Mkitaka la kijana yule, mwambieni aoshe machungwa kabla ya kumenya, na maganda ayadondoshee kwenye chombo safi. Mpeni chochote kidogo. Atashangaa, lakini atawapa.

Osha tunda kwa maji safi, lisugue kwa kitambaa, likauke. Osha kabla ya kukwangua. Ukikwangua kwanza halafu ukaosha, harufu yote inakwenda na maji.

Njia ya kwanza ni kisu. Menya kama kijana wa stendi. Kama weupe umeng'ang'ania kwa ndani, laza utepe ubaoni, ukwangue weupe kwa ncha ya kisu. Kisha katakata ngozi iwe midogo kabisa, kama chenga za mchele. Nitaziita hivyo: chenga za ganda.

Njia ya pili ni kukwangua kwa bati la kukwangulia karoti, upande wa matundu madogo. Asiye nalo anaweza kutoboa kipande cha kopo la maziwa kwa msumari, akatumia upande wenye makali. Lakini liwe kopo la chakula, na lisiwe na kutu. Kopo la rangi au la dawa, hata likioshwa mara kumi, hapana!

Ukikwangua, pitisha tunda mara moja au mbili, halafu ligeuze. Ukiona weupe, hama. Kwangua tunda likiwa zima, kisha ndipo ukate na kukamua maji yake. Likishakamuliwa linalegea, na vidole ndivyo vitakavyokwanguliwa.

Limau letu lenye ngozi ya manundu lina harufu kali, kidogo kinatosha. Ndimu ina ngozi nyembamba, iende polepole. Chungwa ni pole na tamu. Chenza ngozi yake imelegea, haikwanguliki vizuri, hiyo afadhali kuikausha. Balungi weupe wake ni mnene kama godoro, angalieni msizame.

VITUMBUA, MAANDAZI NA UJI

Sasa tuje kwenye fedha. Hapa kwetu mchele tunao. Akina mama wengi wanauza vitumbua. Kitumbua bila harufu hakiuziki, kwa hiyo tunatia iliki. Iliki ni nzuri, lakini ni ghali, nasi tunainunua kwa vifuko vidogovidogo, leo kimoja, kesho kimoja. Chukueni daftari. Andikeni bei ya kifuko kimoja. Zidisheni kwa siku 26 za kazi katika mwezi. Mmeona? Wengine wameguna. Fedha hiyo ni daftari na kalamu za mtoto. Ni mafuta ya kupikia.

Sisemi muache iliki kabisa. Ganda la chungwa si iliki, harufu yake ni nyingine, na mteja aliyezoea hupenda kuzoezwa polepole. Wiki ya kwanza tieni nusu iliki, nusu ganda. Msimwambie mtu. Sikilizeni watasema nini. Wakiuliza, "Mama, leo umetia nini?" huku wanaongeza cha pili, basi mmeshinda. Wakiacha vipande sahanini, punguzeni.

Kwa kilo moja ya mchele wa vitumbua, chenga za ganda la machungwa mawili zinatosha. Kwa nusu kilo ya unga wa ngano wa maandazi, limau moja au chungwa moja kubwa.

Hapa pana jambo la kushika. Kwanza chukueni ile sukari ya kipimo chenu, sukari yetu ya Kilombero. Tieni chenga za ganda ndani yake, msugue kwa ncha za vidole mpaka sukari ilowe kidogo na kunukia. Sukari inakwangua vile vifuko na kuvuta mafuta. Ganda lililosuguliwa na sukari linanukia zaidi ya lile lililotupwa tu ndani ya unga.

Jambo jingine ni hamira. Mafuta ya ganda yakiwa mengi huichelewesha kuumuka. Kwa hiyo anzeni kuumua kwa sukari kidogo ya kawaida. Sukari yenye ganda tieni mchanganyiko ukishaumuka, koroga, acheni utulie kidogo, ndipo mchome. Kwa maandazi, ambayo hukandwa mara moja, tieni kiasi nilichosema, msizidishe.

Uji nao. Akina mama wenye watoto wadogo, mnajua kwamba ukitia maji ya limau kwenye uji wa maziwa, maziwa yanakatika. Ule ukali unaokata maziwa umo kwenye maji ya tunda. Kwenye ngozi ya juu kuna harufu, ukali haupo. Kwa hiyo unaweza kutia chenga kidogo za ganda la limau kwenye uji wa mchele wenye maziwa, au kwenye mchuzi wa nazi, ukapata harufu ya limau na maziwa yasikatike. Nionavyo mimi, hii ndiyo faida kubwa kuliko zote za ganda, na ndiyo inayojulikana kidogo. Tieni mwishoni, mkiisha kuepua. Harufu hii inaondoka na mvuke. Ukichemsha ganda nusu saa, jikoni kutanukia na chungu kitabaki na uchungu.

Chai ya rangi ni hivyohivyo. Epua, tia utepe mmoja, funika, hesabu mpaka mia mbili, toa utepe, kunywa. Ukiwa na mchaichai, changanya.

Wali pia. Ukikaribia kukauka, kabla ya kufunika na kuweka makaa juu, laza tepe mbili za ganda la limau juu ya wali. Ziondoe wakati wa kupakua. Mimi wali wa hivi naupenda kwa maharage. Wengine nyumbani kwangu hawaupendi, wanasema unanukia sabuni. Hiyo ni midomo ya watu.

SAMAKI

Kambale wa kwetu ni mtamu, lakini mara nyingine ananuka tope. Ndimu tunaitumia tangu zamani. Ongezeni na ganda. Msugueni samaki kwa chumvi, muosheni vizuri. Twangeni pamoja chenga za ganda la limau moja, kitunguu saumu, chumvi na pilipili. Mpakeni ndani na nje, mumwache nusu saa, kisha mkamulie ndimu.

Kama mnamkaanga, futeni yale mapande kwanza. Ganda likiingia kwenye mafuta ya moto peke yake linaungua upesi na kuwa chungu. Kama mnamchemsha, acheni tu, na mkiepua mnyunyize chenga nyingine kidogo. Perege anafaa vilevile, ila yeye hana tope sana, mpunguzieni.

KUKAUSHA NA KUWEKA

Machungwa hujaa sana katikati ya mwaka, kuanzia mwezi wa 6 hivi. Wakati huo mpunga nao umevunwa. Baadaye machungwa yanaadimika. Kwa hiyo kausheni.

Tandazeni tepe kwenye ungo safi. Ziwekeni kivulini penye upepo, zifunikwe kwa kitambaa chepesi, nzi wasitue. Jua kali linafukuza harufu. Usiku ingizeni ndani, umande usizilowe. Baada ya siku tatu au nne, kunja utepe mmoja. Ukivunjika kwa mlio, umekauka. Ukijikunja kama ngozi, bado. Zikikauka zitwangeni, zichekecheni, mziweke kwenye chupa kavu yenye kifuniko cha kubana. Unga wa ganda lililokauka una nguvu, tumieni theluthi moja tu ya kipimo cha ganda bichi.

Masika ya bonde hili mnayajua, hata chumvi inalowa. Fungueni chupa mara kwa mara, mnuse na kutazama. Mkiona ukungu, mwageni yote. Msichambue sehemu nzuri na mbaya. Mwaka 2016 huko Dodoma na Manyara watu walikufa kwa kula mahindi yenye sumukuvu, sumu inayotokana na ukungu. Ganda si mahindi, lakini ukungu si wa kuchezea.

MASWALI

Mama mmoja ameuliza: "Sisi tunachoma maganda ya machungwa kufukuza mbu. Yanasaidia?" Moshi wake unaweza kuwasumbua mbu kidogo wakati unafuka. Ukizimika, wanarudi. Mnakumbuka vyandarua vya Zuia Mbu, miaka ya 1990, huku Kilombero na Ulanga? Watafiti wa hapahapa Ifakara walifuatilia watoto. Matokeo yalitangazwa mwaka 2001: watoto wa mwezi 1 hadi miaka 4 waliolala ndani ya chandarua chenye dawa, kunusurika kwao kuliongezeka kwa asilimia 27. Hakuna ganda linaloweza kufanya hivyo. Maganda pelekeni jikoni, mtoto mpelekeni ndani ya chandarua.

Baba mmoja ameuliza kwa nini alipata madoa meusi mikononi baada ya kukamua ndimu nyingi za sherehe na kwenda shambani. Si uchawi, baba. Mafuta na maji ya ndimu yakibaki kwenye ngozi, jua likapiga, ngozi inaungua. Mara nyingine hutoka malengelenge, kisha hubaki madoa kwa wiki nyingi. Ukimaliza kukwangua au kukamua, nawa kwa sabuni mpaka kwenye viwiko, ndipo utoke juani. Na watoto msiwapake ndimu usoni.

Kijana ameuliza weupe unaobaki ufanyiwe nini. Hapo mzee wangu wa nyuma ana haki yake: mpeni mbuzi, kidogokidogo, au tupeni kwenye shimo la mboji.

Na dada ameomba lile limau la chumvi la yule msafiri. Haya, andikeni. Malimau au ndimu kumi, zilizoiva, zenye ngozi nyembamba. Osheni, kausheni. Pasueni kila moja mara nne bila kuitenganisha chini. Jazeni chumvi ndani, kijiko kimoja cha chai kilichojaa kwa kila moja. Zipangeni kwenye chupa ya kioo iliyochemshwa na kukauka, mzibane mpaka maji yatoke. Kama maji hayazifuniki, kamulieni ndimu nyingine. Fungeni. Wekeni chupa juani mchana, ndani usiku, kwa wiki tatu au nne, mkiitikisa kila siku. Ganda likilainika kiasi cha kukatika kwa kijiko, tayari. Mkitaka, tieni pilipili. Chukueni kwa kijiko kikavu kila mara, msitie mkono. Kipande kidogo kinatosha sahani nzima ya wali, maana chumvi yake ni nyingi. Wenye shinikizo la damu waonje tu.